Naomba ushauri: uhamisho umekwama miezi 14, niende mahakamani?

Habari zenu wakubwa. Mimi ni muuguzi wa serikali katika wilaya moja huku West Nile, Uganda. Niliomba kuhamia Bunyoro, waliko mume wangu na watoto. Wilaya ya kunipokea ilishaandika barua ya kunikubali, nafasi ipo. Kikwazo ni huku ninakotoka: kila nikiuliza naambiwa "faili liko mezani". Meza gani hiyo, jamani, miezi 14!

Jirani yangu ananishauri niende Mahakama Kuu kuomba mapitio (yaani jaji achunguze jinsi ofisi ya serikali ilivyoshughulikia ombi langu), kwamba ibara ya 42 ya Katiba ya 1995 inanipa haki ya kutendewa kwa haki na ofisi za serikali. Lakini maombi hayo hupelekwa ndani ya miezi 3 tangu sababu ilipotokea. Mimi sijakataliwa kwa barua, nimenyamaziwa tu. Sasa miezi hiyo nihesabu kuanzia lini? Na jaji akiuliza kama nimemaliza njia nyingine kwanza, je, malalamiko kwa IGG (Inspekta Mkuu wa Serikali) yanatosha, au nianzie Tume ya Utumishi ya Wilaya?

Kuondoka bila barua siwezi, nitaitwa mtoro na mshahara usimame. Aliyewahi kupitia haya anielekeze, hata kwa inbox.