Ukoo wa Bi Mwanajuma: adhana iliyotangulia

Mjomba Shabani: Assalaam alaykum ukoo. Nina jambo, msicheke.

Mjomba Shabani: Leo adhuhuri naongea na Zuhura kwenye simu, yeye yuko Ngamiani karibu na msikiti. Adhana ikalia ndani ya simu. Nikanyamaza. Moja, mbili, tatu, nne... ndipo muadhini yule yule, na kikohozi chake kile kile, akaingia dirishani kwangu hapa Makorora, Tanga. Nimesikia jambo kabla halijatokea!

Mamdogo Zuhura: Kweli alinyamaza ghafla. Nikadhani salio limekwisha.

Rehema Maskati: Waalaykum salaam. Mjomba umekula lakini? 😂

Mjomba Shabani: Nimekula wali na maharage, nimeshiba. Na jina nimeshalipa: MWANGWI-JOTO. Joto likizidi, sauti huruka foleni ya wakati. Ndiyo maana alfajiri, kukiwa na ubaridi, halijawahi kunitokea.

Mamdogo Zuhura: Alfajiri hujawahi kunipigia simu kaka.

Rehema Maskati: 😂😂😂 Kama kusafiri mbele ya wakati ni huko basi mimi nimeshafika. Huku tuko saa moja mbele yenu. Mchana wenu nishaumaliza, hauna jipya.

Mjomba Shabani: Salim mwalimu wa fizikia yuko wapi? Au mshahara unakula bure?

Salim: Shikamoo mjomba, shikamoo mamdogo. Nilikuwa na Kidato cha Tatu.

Salim: Mjomba, hukusikia ya mbele. Ulisikia ya sasa, kisha ukasikia iliyopita. Ile ya simu imepanda mnara, imekufikia hapo hapo. Ile ya dirishani imekuja kwa miguu. Hewa ikiwa nyuzi sifuri sauti inakwenda mita 331 kwa sekunde, na kila nyuzi moja ikipanda inaongeza kama mita 0.6. Kwa jua hili la Februari, nyuzi 32, ni kama mita 350. Toka huo msikiti wa Ngamiani hadi kwako, tuseme kilomita moja na nusu: sekunde nne na kidogo. Umehesabu sawasawa.

Mjomba Shabani: Kumbe joto limo!!

Salim: Limo, ila kiduchu. Kati ya alfajiri na mchana unaokoa chini ya sehemu ya kumi ya sekunde. Sikio halikamati.

Mjomba Shabani: Na mbona alfajiri nasikia mpaka honi ya meli bandarini, mchana hata jirani akiniita sisikii?

Mamdogo Zuhura: Jirani unamdai au anakudai?

Salim: Hapo sasa joto lina kazi kubwa. Mchana ardhi imeungua, hewa ya chini ina moto kuliko ya juu, basi sauti inapinda kwenda juu na kukupita kichwani. Usiku ardhi inapoa, mambo yanageuka: sauti inainamishwa chini, inatambaa mbali. Hilo si la kubuni, ni la kila siku.

Salim: Na kuna kubwa kuliko lako. Agosti 27, 1883 volkano ya Krakatau ililipuka kule Indonesia. Kisiwa cha Rodrigues, kwenye Bahari hii hii ya Hindi, kama kilomita 4,800, watu walisikia kama mizinga inapigwa baharini. Mshindo ulishatoka kule saa nne nzima kabla hawajausikia.

Rehema Maskati: Saa nne! Yaani waliosikilizwa walishakufa 😳

Mjomba Shabani: Basi hiyo ndiyo safari. Nashukuru kwa kuniunga mkono.

Salim: Sijakuunga mjomba 😂 Safari ya kweli ni ya 1971. Wamarekani wawili, Hafele na Keating, walizungusha saa za atomiki, zile sahihi mno, duniani kwa ndege za abiria. Zilizokwenda mashariki zilirudi zikiwa nyuma ya zile zilizobaki chini kwa nanosekunde 59 hivi. Gawa sekunde moja mafungu bilioni, chukua 59.

Mamdogo Zuhura: Nauli yote hiyo kwa mafungu 59. Bora daladala.

Bibi (simu ya Tatu): Hapa ni Tatu naandika, bibi anasema mnapiga kelele tangu mchana simu inalia lia.

Wote: Shikamoo bibi 🙏

Bibi (simu ya Tatu): Marahaba. Anasema Shabani hajakosea. Kila magharibi jua likizama anamsikia babu yenu juu ya paa anagonga bati. Ta. Ta. Kisha kimya. Kisha ta.

Mjomba Shabani: Mnaona? Mama hajawahi kusema uongo.

Salim: Bibi, ni bati lenyewe. Mchana linapata moto linatanuka. Bati la mita tatu linaongezeka zaidi ya milimita moja. Magharibi likipoa linajikunja, misumari inalishika, inalishika, halafu linaponyoka. Ndiyo hiyo ta unayosikia.

Bibi (simu ya Tatu): Bibi amecheka.

Bibi (simu ya Tatu): Anauliza, na hiyo misumari aligonga nani?

Mamdogo Zuhura: Salim jibu.

Salim: Babu.