Plasta ya kwa Babu, Lanet

JUMATATU

Shangazi Rehema 06:41
Habari za asubuhi familia. Wageni wa Tasha wanaingia Jumamosi tarehe 21, zimebaki siku 19. Sebule ya Baba bado ni bloku tupu, ukipitisha mkono ukutani unachunika. Kila nyumba itoe 3,000. Fundi anaanza Alhamisi.

Shangazi Rehema 06:43
Plasta wiki hii, rangi wiki ijayo, mapazia wiki ya tatu. Nimeshapanga.

Shangazi Rehema 09:20
Watu kumi na wanne mmesoma. Naona tiki za buluu.

Otis 09:22
Mimi nimesoma na jicho moja, nitatoa 1,500

Shangazi Rehema 09:22
Otis.

Shangazi Rehema 12:05
Fundi ameitisha mifuko 8 ya simiti na mchanga tipa moja.

Baba Brayo 12:31
Simiti itawekwa wapi safari hii

Shangazi Rehema 12:31
Usianze.

Baba Brayo 12:34
Nauliza tu. 2019 mifuko 12 iligandia stoo. Nikaitwa mwizi mezani siku ya Krismasi, watoto wangu wakisikia.

Shangazi Rehema 12:35
Hakuna aliyekuita mwizi. Tuliuliza funguo alikuwa nazo nani.

Baba Brayo 12:35
Si ni yale yale

Baba Brayo 12:39
Mliipanga chini sakafuni mkaiegemeza ukutani, mvua za Aprili zikapita zote. Simiti hunyonya unyevu hata mfuko haujafunguliwa. Nilisema ipandishwe juu ya mbao, mkaniona mwenye maneno mengi.

Baba Brayo 12:40
_Ujumbe huu umefutwa_

Mama Tasha 12:41
Shemeji nimeshausoma 😳

Otis 12:44
Kwani si ndiyo hiyo mifuko tunakalia pale chini ya mparachichi? Siku ya wageni hatukodi viti

Brayo 12:44
😂😂😂

Mama Tasha 12:45
😂 Kile cha pembeni nilichana rinda

Shangazi Rehema 12:50
Turudi kwa mchango tafadhali.

JUMANNE

Shangazi Rehema 07:02
Mpaka sasa nimepokea kwa Mama Tasha pekee. PEKEE.

Kevo Kisumu 22:58
Shangazi samahani, nilikuwa saiti huku Mamboleo simu ikazima. Nimesoma yote. Rangi wiki ijayo haitawezekana.

Shangazi Rehema 22:59
Kwa nini

Kevo Kisumu 23:07
Plasta mbichi bado ina maji na ule ukali wa simiti. Ukiipaka rangi kabla ya wiki nne hivi, inafura malengelenge halafu inabanduka kama ganda la kiazi kilichochemshwa. Tena fundi aloweshe bloku kwanza, bloku kavu inafyonza maji ya plasta yote na haishiki vizuri, ukigonga inalia kama debe. Akimaliza, imwagiliwe asubuhi na jioni siku 7. Nani atalala Lanet kumwagilia?

Kevo Kisumu 23:11
Mchanga usipokee kwa macho. Tia kwa chupa hadi nusu, jaza maji, tikisa, acha hadi asubuhi. Tope likilala juu nene kama kidole, tipa irudi ilikotoka. Karai moja ya simiti kwa makarai manne ya mchanga, achanganye kidogo kidogo. Ikianza kukaza asiiongeze maji. Wanapenda sana hiyo.

Shangazi Rehema 23:12
Kwa hiyo wageni waangalie bloku?

Kevo Kisumu 23:15
Pigeni sebule peke yake kwanza, halafu chokaa. Chokaa haigombani na plasta mbichi.

Shangazi Rehema 23:15
Chokaa!! Kama choo cha shule!

Otis 23:18
Wakwe wakiegemea watatoka weupe mgongoni, tutawatambua hadi steji ya matatu

Kevo Kisumu 23:20
Na pale karibu na tangi, ule unga mweupe bado unatoka? Hiyo ni chumvi, inaletwa na maji. Tengenezeni bomba linalovuja kwanza ukuta ukauke, mkwangue na brashi ya waya. Plasta juu yake itamwagika tu.

JUMATANO

Babu 05:52
🎤 Ujumbe wa sauti (0:48)

Tasha 06:30
Walio kazini, Babu anasema: "Rehema, nimekusikia. Hao wageni ukuta wangu wameuulizia wapi? Sebule pigeni. Lakini wa jikoni, ule mama yenu aliandikia hesabu ya maziwa kwa makaa, fundi asiusogelee. Na mambo ya simiti sitaki kumsikia mtu akimtajia Baba Brayo tena. Funguo zilikuwa kwangu."

Mama Tasha 10:47
🙏

Otis 11:02
_Ujumbe huu umefutwa_

Baba Brayo 13:26
Nimetuma 3,000

Shangazi Rehema 13:40
Imeingia. Asante kaka.

Shangazi Rehema 13:58
Sebule peke yake basi. Mambo ya chokaa tutaongea.

Kevo Kisumu 20:15
Na mabomba ya nyaya za umeme yameshazikwa ukutani? Hayo hutangulia plasta. La sivyo mtakuja kuitimbua.

Shangazi Rehema 20:16
Fundi wa umeme alisema atakuja

Kevo Kisumu 20:16
Lini

Shangazi Rehema 20:31
Hashiki simu

Mama Tasha 21:04
↪️ _Simiti itawekwa wapi safari hii_
Kwangu kuna mbao nne shemeji, Brayo azichukue

Brayo 21:40
Kesho niko na mtihani

Otis 21:41
Na tipa kesho inapokelewa na nani? Wamesema saa mbili asubuhi