Vihusishi na nahau za Kiingereza zinanikwamisha kazini, naomba ushauri

Karani wa Shangani

Ndugu zangu, habari za jioni. Mimi ni karani katika ofisi ya uwakala wa forodha hapa Mtwara mjini, na kazi yangu kubwa ni kusoma barua pepe za wanunuzi wa korosho walioko nje ya nchi, kisha kumweleza bosi wangu kwa Kiswahili wanachotaka. Kiingereza nilikisoma sekondari, na maneno mengi nayafahamu moja moja. Kinachonishinda ni pale vijineno kama "in", "by" na "off" vinapojibandika kwenye neno ninalolijua na kuigeuza maana yote.

Msimu uliopita mteja aliandika: "The vessel will arrive in two weeks." Nilitafsiri kwamba meli itafika ndani ya wiki mbili. Bosi akaelewa kwamba inaweza kutia nanga siku yoyote, akakodi malori mapema, na malori hayo yakakaa siku nne yakilipiwa bila kazi. Meli ilifika siku ya kumi na nne, kama mteja alivyosema. Bosi hakunifukuza, lakini tangu siku hiyo kila tafsiri yangu humpa mtu mwingine aihakiki, na jambo hilo linaniumiza sana.

Juzi nimekutana na nyingine: "Your payment is in the pipeline." Sisi wa Mtwara bomba tunalijua, maana gesi ya Mnazi Bay husafiri kwa bomba hadi Dar es Salaam, lakini sikuweza kujua kama mteja anasema ameshalipa au bado. Je, nikariri orodha za nahau, au kuna njia nyingine ya kuzielewa?

Binti Mikindani

Pole sana, kaka. Hiyo ya bomba maana yake ni kwamba malipo yako njiani: yameanza kushughulikiwa, ila hayajakamilika. Usimwambie bosi kwamba fedha zimeingia.

Mwalimu wa Masasi

Ndugu Karani, nimefundisha Kiingereza sekondari kwa miaka mingi, na kosa lako la wiki mbili nimelisahihisha kwenye madaftari mara nyingi mno, kwa hiyo usilione kuwa ni udhaifu wako peke yako. Mzizi wake uko katika tofauti ya lugha hizi mbili. Sisi tukisema "mezani", ile "-ni" inatosha. Hatulazimiki kutaja kama ni juu ya meza au pembeni yake, kwa sababu msikilizaji anaelewa kutokana na habari yenyewe. Kazi nyingine tunaimaliza ndani ya kitenzi: andika, andikia; kimbia, kimbilia. Kiingereza hakina kauli ya kutendea, hivyo mzigo huo wote hubebwa na vijineno vinavyokaa nje ya kitenzi, na huko ndiko tunakopotelea.

Ndiyo maana huwaambia wanafunzi wangu kwamba "look after", "look for" na "look into" wasizione kuwa kitenzi kimoja chenye mikia mitatu. Ni vitenzi vitatu, yaani tunza, tafuta na chunguza, na kila kimoja kiandikwe mahali pake kwenye daftari pamoja na sentensi nzima kilimokutwa. Orodha tupu za kukariri sizipendi hata kidogo. Mwanafunzi huzimwaga kwenye mtihani na kuzisahau wiki inayofuata.

Kuhusu muda, "in two weeks" ni baada ya wiki mbili, na "within two weeks" ndiyo ndani ya wiki mbili. Vilevile "by Friday" na "until Friday" hutuchanganya kwa kuwa neno letu "hadi" hubeba zote mbili. Ukitakiwa kupeleka nyaraka "by Friday", Ijumaa ndiyo mwisho, na hata Jumatatu waweza kuzipeleka. Ofisi ikifungwa "until Friday", inabaki imefungwa mfululizo mpaka siku hiyo ifike.

Wakala Mstaafu

Ninakubaliana na Mwalimu kuhusu vihusishi, ila kwa upande wa nahau nina tahadhari moja. Nahau usiyoijua kabisa haina hatari kubwa, kwa sababu utauliza. Inayodhuru ni ile inayofanana na ya kwetu. Kwetu aliyevunjika moyo ni mtu aliyekata tamaa, ilhali Mwingereza akisema yuko "heartbroken", anazungumzia huzuni nzito, kama ya kufiwa au kuachwa na mpenzi. Chumvi nayo ni hivyo hivyo. Kwetu anayetia chumvi ni msemaji anayezidisha habari, lakini Mwingereza akikushauri uipokee habari "with a pinch of salt", chumvi hiyo ni ya msikilizaji, na maana yake ni kwamba usiiamini yote.

Angalia pia barua inatoka wapi. Kule Uingereza "to table" hoja ni kuileta ijadiliwe, na Marekani ni kuiweka kando. Na ukiona "free on board", hiyo si nahau hata kidogo, bali ni sharti la biashara: gharama na hatari ni za muuzaji hadi mzigo upakiwe melini, na baada ya hapo ni za mnunuzi.

Karani wa Shangani

Shikamooni wakubwa zangu, nimewaelewa vizuri. Leo mteja ameandika kwamba ukaguzi wa mzigo umekuwa "put off, not called off". Nimetafuta "put", "call" na "off" kwenye kamusi, na maana nilizozipata haziungani.

Mwalimu wa Masasi

Marahaba. "Put off" ni kuahirisha, "call off" ni kufuta kabisa, kwa hiyo ukaguzi upo ila siku imesogezwa. Kwenye kamusi, fungua "put" na ushuke hadi mwishoni mwa maelezo yake. Hapo utaikuta "put off" imepewa nafasi yake yenyewe.

Binti Mikindani

Na penye muda, kaka, usiishie kutafsiri. Mwombe mteja aandike tarehe.

Karani wa Shangani

Nimeshamwandikia kuomba tarehe. Bosi nimemweleza kwamba ukaguzi umeahirishwa, haujafutwa, na malori hatutayakodi mpaka jibu lifike.