Mnaowasha malango ya Nether bila kugawanya kwa nane, mnatuharibia seva

Wakuu, salamu tutapeana siku nyingine. Uzi huu una povu kuanzia mstari wa kwanza, asiyetaka povu apite zake kiroho safi.

Kuna watu kwenye hii seva yetu ya Minecraft, gemu ya kujenga kwa bloku, wanawasha malango ya kwenda Nether, ile dunia ya moto, kama wanawasha taa ya chooni. Popote walipo, muda wowote, kiberiti mkononi, mawe meusi ya obsidiani 10 ya fremu (kona hawaweki, eti wanabana matumizi), paa, zambarau imewaka, wamezama. Hawaangalii namba zao. Hawaulizi nani kajenga wapi. Ukilalamika unaambiwa una wivu.

Haya, sikilizeni yaliyonikuta. Narudi nyumbani kutoka kuchimba, nakuta mtu kasimama sebuleni kwangu, katikati ya masanduku, kashika sururu ya almasi. Nyumba ina milango ya chuma na vitufe viko ndani. Namuuliza, mkuu, umepitia wapi? Ananijibu kwa utulivu kabisa: "Hata mimi nashangaa, nimetoka Nether nikajikuta hapa." Na hakudanganya! Ndicho kinachoniuma. Angekuwa mwizi ningemshtaki kwa mkubwa wa seva yakaisha. Huyu gemu yenyewe ndiyo iliyomleta kwangu, na itaendelea kumleta kila akirudi, kwa sababu hakupiga hesabu ya darasa la tatu.

Hesabu yenyewe hii hapa, na nawaomba msome taratibu. Bloku moja ya Nether ni bloku nane za dunia ya kawaida, kwa X (mashariki-magharibi) na kwa Z (kaskazini-kusini). Kwangu ni X 1600, Z -800. Gawanya kwa nane unapata 200 na -100. Lango langu la upande wa Nether nililijenga hapo hapo kwenye 200 na -100, nikalizungushia ukuta wa mawe ili mipira ya moto ya Ghast, lile zimwi linaloruka, isije ikalizima. Safi. Naingia natoka bila shida.

Jamaa akahamia mashariki yangu, X 1680, Z ile ile. Ujirani mwema, sina neno. Akawasha lango lake. 1680 gawanya kwa nane ni 210, kwa hiyo huko Nether gemu inampeleka 210. Ila gemu haikurupuki kukujengea lango jipya. Kwanza inaangalia kama kuna lango linalowaka hapo karibu, ndani ya bloku 16. La kwangu liko bloku 10 tu kutoka hapo. Basi, inamtoa kwenye lango langu. Sasa anataka kurudi kwake. Gemu inachukua namba za lango alilosimama, siyo za alikotoka: 200 mara nane, 1600. Inakuja juu, inatafuta lango lililo karibu zaidi na 1600 ndani ya bloku 128. Lipi? Langu. Sebuleni. Habari za jioni.

Nikamwambia vizuri tu, kaka, nenda Nether, jenga lango lako kwenye 210 kamili, mambo yaishe. Akaenda. Kajenga 204. Namuuliza kwa nini 204, anasema hapo 210 pana shimo la lava, 204 pako tambarare, "na tofauti ni ndogo". Ndogo! Bloku sita za kule ni 48 za huku. Kutoka 204 gemu inamleta kwenye 1632. Kutoka hapo hadi kwangu ni bloku 32, hadi kwake ni 48. Anatokea kwangu tena. Anasimama tena katikati ya masanduku yangu, anasema "gemu ina matatizo".

Halafu akafanya la kufanya. Kwa ujuaji wake akaona kikwazo ni lango langu la Nether, akang'oa obsidiani moja ya fremu likazimika. Lango lililozimika gemu hailioni kabisa, ni kama halipo. Kwa hiyo mimi nikiingia kwangu sasa natokea kwenye lango lake la 204. Na wote wawili tukirudi, tunarudi kwangu. Yaani amevunja mali ya watu, na bado hajafika kwake! Upande wote huu wa mashariki sasa una stendi moja, nayo ni sebule yangu.

Nimempelekea mkubwa wa seva. Jibu: "Hiyo ni bug mkuu, tusubiri toleo jipya." Hapo ndipo nilipoamua kuja kuandika.

Siyo bug. Tusidanganyane. Nether iliingia kwenye gemu Oktoba 2010, na tangu hapo watu wamevuka kwa malango haya haya bila kutokea majumbani mwa wenzao. Wanabonyeza kitufe cha F3, wanaona namba zao, wanagawanya, wanakwenda kusimama pale pale hesabu iliposema, wanajenga. Pana lava? Mwaga changarawe, weka mawe, panasimama. Pana mwamba? Chimba. Umebeba sururu ya almasi unazunguka nayo majumbani mwa watu, kuchimba handaki dogo unaona uvivu?

Na kuna wajuaji wengine wanagawanya mpaka kimo. Kimo hakigawanywi! Y inabaki ilivyo. Ila kwenye kupima lango lipi liko karibu, kimo kinahesabiwa pamoja na vingine. Ukiwa na lango chini mgodini na jingine juu ya mlima, usishangae likikupeleka ambako hukutaka. Jenga la Nether kwenye kimo kinachokaribiana na la juu, ulale usingizi.

Sasa nihame kwangu, maana mtasema nalilia nyumba. Twende kwenye barabara ya barafu.

Ile barabara ya kwenda upande wa lango la End, ile dunia ya mwisho ya gemu, mnaijua wote, mnaipita wote. Imejengwa kwa barafu ya bluu. Mnajua bloku moja ya barafu ya bluu inatoka wapi? Barafu tisa za kawaida zinatoa moja iliyoshindiliwa, na tisa zilizoshindiliwa zinatoa moja ya bluu. Barafu 81 kwa bloku moja, na kila moja imechimbwa na mtu mwenye sururu yenye uchawi wa Silk Touch huko kwenye theluji, maana bila hiyo inavunjika inakuwa maji. Watu walikesha. Watu walichoma bando zao. Leo unapanda boti unateleza zaidi ya bloku 70 kwa sekunde, na kwa kuwa uko Nether, kila bloku unayopita ni nane za juu. Raha tupu.

Juzi kuna mtu ambaye hajajitambulisha mpaka sasa kawasha lango huko juu bila kugawanya chochote, karibu na barabara hakukuwa na lango jingine ndani ya hizo bloku 16, gemu ikamtafutia penye nafasi. Penye nafasi ni wapi? Kwenye handaki tulilolisafisha sisi! Lango limejisimika katikati ya barabara. Boti inakuja kwa kasi yote ile, inagonga obsidiani, inakwama, na nyuma yako kuna mwenzako anakuja naye hana breki. Na aliyelisababisha ameliona, maana alitokea hapo hapo, kasimama juu ya barafu yetu, akatazama kushoto na kulia, akaendelea na safari zake. Hata kibao hakuweka.

Na mkumbuke kwamba bila Nether hakuna End. Lango la End linataka macho 12 kwenye fremu, kila jicho linatengenezwa kwa unga wa Blaze, na Blaze ni viumbe wa moto wanaoishi kwenye ngome za Nether. Anayeziba barabara za Nether ameziba gemu nzima. Wageni wanaingia seva, wanakwama, wanaondoka, halafu mnauliza mbona tumebaki wachache.

La mwisho, shamba la dhahabu. Aliyejenga yale malango makubwa ya 23 kwa 23, yamepangwa moja nyuma ya jingine, ili zombi piglin, wale nguruwe-watu, wawe wanatokea wenyewe avune dhahabu wanayodondosha: hongera, ubunifu ninauheshimu. Ila kwa nini uyaache yanawaka hata ukiwa hupo shambani, umejiegesha pembeni unaangalia mpira? Kompyuta inayobeba seva iko chini ya meza chumbani kwa mtu, umeme tunachangia. Zombi wakijazana humo kila kitu kinakwama, ukivunja bloku inarudi, ukifungua mlango unafunguka ukiwa umeshapita. Na ule mvumo wa malango, ambao kwa lango moja unavumilika, nitahamisha nyumba yangu kwa ajili yake. Zima ukimaliza kuvuna. Ng'oa obsidiani moja, utairudisha kesho, kiberiti unacho.

NYONGEZA: Naona mmeshaanza.

Anayesema "si uvunje tu lake na wewe": kanuni ya seva inasema hatuvunji mali ya mtu, na mimi naifuata hata kama wengine hawaifuati. Isitoshe nikilivunja la 204 bila yeye kujenga 210, akiwasha tena atatokea kwangu tena. Soma hesabu hapo juu.

Anayesema "ni gemu tu mkuu, punguza presha": sawa, ni gemu tu, basi njoo unirudishie barafu zangu.

Nyie wa Bedrock, lile toleo jingine la Minecraft, mnaochekea pembeni, kwenu ndiyo kuna hatari zaidi. Huko upande wa Nether utafutaji unakwenda mpaka bloku 128, ambazo ni 1,024 za juu. Mtu anaweza kujenga mbali hata humwoni kwenye ramani na bado akatokea chumbani kwako. Endeleeni kucheka.

Mkubwa wa seva, najua unasoma, jina lako naliona hapo chini. Sikuombi utoe adhabu. Weka ubao mmoja mkubwa pale tunapozaliwa, kila mwenye lango aandike X na Z za pande zote mbili, na asiyeandika lango lake lizimwe mpaka aandike. Basi. Na yule wa 204 nimeshamfukia lile shimo la lava kwenye 210, nimesawazisha kwa mawe, nimemwachia obsidiani 10 kwenye sanduku hapo hapo. Kazi iliyobaki ni kupanga na kuwasha.

Wengine ambao hesabu inawapiga chenga, wekeni hapa chini X na Z zenu niwagawie mwenyewe, sichaji. Ila tafadhali, ziwe za dunia ya kawaida, zimesomwa mkiwa mmesimama ndani ya lango, siyo zile za kukisia kitandani.