Nimeuziwa matairi "mapya" yenye umri wa miaka sita, na yangu ya zamani wakayauza tena

Wakuu, salaam.

Ninafungua uzi huu nikiwa na hasira na sioni sababu ya kuificha. Nilitumia wiki tatu kulinganisha bei za matairi manne ya gari langu dogo, nikapiga simu, nikaulizia kwa mafundi, nikasubiri hadi kipindi cha punguzo, na baada ya yote hayo nikauziwa matairi yaliyokaa ghalani zaidi ya miaka sita, nikatozwa ada ya kutupiwa matairi yangu ya zamani, kisha siku kumi na moja baadaye nikayakuta mawili kati ya hayo ya zamani yakiwa yamepakwa rangi nyeusi na kusimamishwa mbele ya duka lilelile yakisubiri mnunuzi. Duka sitalitaja, kwa kuwa kila niliyemsimulia amenijibu kwa kisa kinachofanana na changu, na huyu wangu ni mmoja tu wa wale wanaoishi kwa kutegemea kwamba mteja hatasoma ubavu wa tairi.

Nianze na tarehe, maana hapo ndipo nilipolizwa zaidi. Kwenye ubavu wa tairi kuna mfululizo wa herufi na tarakimu unaoanza na DOT, na tarakimu nne za mwisho ndizo tarehe ya kutengenezwa: mbili za kwanza ni wiki, mbili zinazofuata ni mwaka. Jambo hilo nilikuwa ninalijua hata kabla ya kwenda dukani. Kosa langu ni kwamba nilikubali kukaa kwenye benchi nikinywa maji waliyonikaribisha, huku matairi yakitolewa stoo na kufungwa moja kwa moja kwenye rimu. Nilipochuchumaa kukagua, gari likiwa tayari limeshushwa kwenye jeki, niliiona DOT na herufi kadhaa, lakini zile tarakimu nne hazikuwepo. Nilipouliza, fundi alinijibu bila kupepesa macho: "Bosi, haya ya kisasa hayaandikwi tarehe."

Nililipa. Naam, nililipa, na mnaotaka kunicheka mna ruhusa.

Kumbe mara nyingi tarehe kamili huandikwa upande mmoja tu wa tairi, na upande wa pili huachwa na mfululizo uliokatika. Siku iliyofuata nililala chali chini ya gari, simu ikinimulikia, nikafuta vumbi kwa kidole gumba kwenye ubavu wa ndani wa tairi la mbele kushoto, na nikaisoma wazi kabisa: 1418, yaani wiki ya 14 ya mwaka 2018. La kulia lilikuwa 1418. Yale ya nyuma yalikuwa 0918 na 1118. Matairi manne, yote yamefungwa tarehe ikiwa imeelekea ndani. Ukirusha sarafu mara nne, uwezekano wa kupata upande uleule unaoutaka mara zote nne ni mara moja kati ya 16, kwa hiyo niwieni radhi nisipoamini kwamba hiyo ilikuwa bahati mbaya.

Niliporudi dukani, muuzaji hakukana. Alisema, kwa sauti ya mtu anayemfundisha mtoto, kwamba tairi ambalo halijakanyaga barabara ni jipya tu, mzee, liwe la jana au la juzi. Nitamtendea haki: kuna ukweli kidogo ndani ya maneno hayo. Tairi lililohifadhiwa mahali pakavu, penye giza na pasipo joto kali, huzeeka polepole kuliko lililoachwa juani, na tairi la mwaka mmoja au miwili stoo si tatizo la kugombania. Lakini mpira haujui kama umeuzwa au haujauzwa. Oksijeni na ozoni huendelea kuufanya mgumu, na nta na kemikali za kuulinda zilizochanganywa ndani yake hutoka vizuri kuja juu pale tairi linapozunguka na kujikunja, si linapokaa limebebana na mengine kwenye rafu. Watengenezaji wakubwa kadhaa hushauri tairi likaguliwe na fundi kila mwaka baada ya miaka mitano ya matumizi, na liondolewe kabisa linapotimiza miaka 10 tangu litengenezwe, hata kama kashata zake, yaani meno yanayokanyaga barabara, bado ni nzuri. Baadhi ya watengenezaji wa magari hutaja miaka sita.

Sasa pigeni hesabu pamoja nami. Mimi siendeshi sana. Kwa mwendo wangu, tairi zuri huchukua miaka sita au saba kabla ya kuisha kashata. Ukiniuzia tairi ambalo limekwisha kula miaka sita ya ile 10, mimi nitalitupa kwa uzee kabla sijalimaliza kwa kulitembeza. Lile punguzo nililoshangilia halikuwa punguzo, bali lilikuwa ada ya kumsaidia muuzaji kusafisha ghala lake. Angeniambia umri na kunishushia bei inavyostahili, huenda ningechukua mawili na kumshukuru. Aliyeficha tarehe alijua vizuri inapunguza thamani, la sivyo asingehangaika kuigeuzia ndani.

Tena hilo la tarehe lilikuja baada ya jaribio lingine. Gari langu linatumia matairi ya saizi 195/65R15 91H, kama ilivyoandikwa kwenye kibandiko kilichopo kwenye nguzo ya mlango wa dereva. Nilipoomba bei nafuu, nililetewa 185/65R15 88, nikaambiwa kwamba namba zinakaribiana na kwamba wateja wengi huchukua hizo. Zinakaribiana kwa nani? Ile namba ya mwisho ni faharasa ya uzito: 91 maana yake tairi moja hubeba kilo 615, na 88 ni kilo 560, hivyo kwa matairi manne unapoteza uwezo wa kilo 220, uzito wa watu watatu wazima. Isitoshe, kipenyo chake ni pungufu kwa milimita 13, yaani kama asilimia mbili, na kilomita zinazosomeka kwenye dashibodi zitakuwa zinaongezewa chumvi kwa kiasi hichohicho. Hiyo niliikataa, na nadhani ndipo muuzaji alipoamua kutafuta njia nyingine ya kunikomesha.

Kisha ikaja risiti. Bei niliyotajiwa kwa simu ilikuwa ya tairi tupu. Juu yake kukaongezwa kufunga, balansi, valvu, alaimenti (kunyoosha mwelekeo wa magurudumu), gesi ya naitrojeni na kutupa matairi ya zamani, na zile nyongeza kwa jumla zilikaribia bei ya tairi la tano. Balansi na valvu sina ugomvi nazo, kwani valvu ya mpira huzeeka pamoja na tairi lake na ni upuuzi kuiacha ya zamani kwa kubana matumizi. Alaimenti nayo ina maana ikiwa gari linavuta upande au matairi ya zamani yaliliwa upande mmoja. Yangu yaliliwa sawasawa, na hakuna aliyeniuliza. Ila naitrojeni! Hewa tunayovuta ina naitrojeni asilimia 78. Faida ya kuongeza iliyobaki kwenye gari la kwenda kazini na kurudi ni ndogo kiasi kwamba kupima upepo mara moja kwa mwezi, asubuhi tairi likiwa bado baridi, kunaishinda kwa mbali, na hakuna gharama yoyote.

Tuje kwenye matairi yangu ya zamani, ambayo ndiyo yaliyonifanya niandike badala ya kunyamaza. Mawili yalikuwa vipara kweli. Mawili ya nyuma yalikuwa bado na kina cha milimita nne, nilipima mwenyewe, lakini niliamua kubadilisha yote kwa pamoja kwa sababu yalikuwa yamezeeka. Moja lilikuwa na kovu ubavuni, umbo la mwezi mwandamo, nililolipata kwa kugonga ukingo wa barabara. Nilipokwenda mara ya pili kudai haki yangu, nililiona kovu hilo kwenye tairi lililosimamishwa nje, limepakwa rangi nyeusi inayong'aa hadi ukiligusa linakuachia alama vidoleni. Pembeni yake lilikuwepo pacha wake. Mimi nimelipa ada ya kuyatupa. Mtu mwingine, pengine mwenye watoto kiti cha nyuma, atalipa kuyanunua, na kovu hataliona kwa sababu limejazwa rangi.

Wale mnaokimbilia matairi ya mitumba kwa kuona bei ni nusu, hebu tazameni hesabu hii. Tairi jipya la gari dogo huwa na kina cha milimita nane hivi. Vile vinundu vidogo vilivyo ndani ya mifereji huashiria milimita 1.6, na tairi likifika hapo limekwisha. Kwa hiyo unachonunua si milimita nane, ni 6.4. Tairi la mtumba lenye milimita nne limebakiwa na 2.4, ambayo ni zaidi kidogo ya theluthi. Unalipa nusu ya bei ili upate theluthi ya tairi, unalipia tena kufunga na balansi, na baada ya muda mfupi unarudi kulipia kufunga na balansi kwa mara nyingine. Na kwenye maji mengi, mshiko huanza kupungua waziwazi hata kabla ya kufika 1.6, kwa sababu mifereji yenye kina kidogo haiwezi kutoa maji haraka. Wanaosema kwamba mitumba ni ukombozi wa mwenye kipato kidogo hawajawahi kuketi na kalamu.

Hesabu hiyohiyo ndiyo ingeniokoa hata kwenye mapya. Tairi linalouzwa theluthi mbili ya bei ya jingine, lakini likadumu nusu ya kilomita zake, linakugharimu theluthi moja zaidi kwa kila kilomita. Si lazima ununue jina kubwa kuliko yote. Bridgestone inamiliki Firestone tangu 1988, Continental inamiliki Barum na Semperit, na matairi ya majina hayo ya kati mara nyingi ndiyo yenye nafuu ya kweli kwa mtu asiyekimbiza gari. Hayo muuzaji wangu hakuyataja hata moja. Alitaja punguzo.

Safari ijayo, kabla kazi haijaanza, nitaomba bei ya jumla ya kila kitu hadi gari linashuka kwenye jeki na liko tayari kuondoka, na nitaiomba kwa maandishi. Nitasimama mlangoni pa stoo na kusoma tarehe ya kila tairi pande zote mbili kabla halijagusa rimu, na tarehe hizo zitaandikwa kwenye risiti. Matairi ya zamani nitaondoka nayo mwenyewe, na yale nitakayotaka kuyatupa nitayachana ubavu kwanza kwa kisu.

Kwa sasa nina matairi manne ya mwaka 2018, risiti isiyotaja tarehe yoyote, picha nilizopiga chini ya gari, na picha ya lile kovu lililopakwa rangi. Muuzaji amesema anaweza kunibadilishia mawili tu, tena niongeze fedha, eti kwa kuwa sasa yamekwisha kutembea na si mapya tena. Yaani yalikaa miaka sita yakabaki mapya, yakatembea siku kumi na moja yakazeeka! Naomba aliyewahi kurudishiwa fedha au kubadilishiwa matairi katika hali kama hii anieleze alitumia hoja gani na alikwenda na ushahidi upi, kwa sababu Jumatatu ninarudi pale, na safari hii maji yao sitayanywa.