Msajili wa Hati akishaamua, anaweza kugeuza uamuzi wake?

Mkazi wa Nala: Wakuu, kiwanja kimoja, wadai wawili. Msajili alisikiliza pande zote akakataa kurekebisha daftari la ardhi. Walioshindwa wamemwandikia tena kwa nyaraka zilezile, naye ameita kikao. Ana mamlaka hayo?

Masjala: Hana. Akishaamua, kazi yake imeisha. Hawezi kujikatia rufaa mwenyewe. Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura ya 334, kifungu cha 99, inamruhusu kurekebisha daftari kwa sababu zilizotajwa tu, kama udanganyifu au ridhaa ya wote wenye maslahi. Asiyeridhika aende Mahakama Kuu, kifungu cha 102: taarifa ya kusudio kwa Msajili ndani ya mwezi 1, rufaa ndani ya miezi 3. Wengi huangukia kwenye ile taarifa, maana wanahesabu miezi 3 pekee.

Kikaoni nenda, usisuse. Peleka pingamizi la maandishi, ambatisha uamuzi wa kwanza, ubaki na nakala iliyogongwa mhuri wa kupokelewa.

Kitalu C: Kosa la uandishi, mfano namba ya kitalu, ni habari nyingine. Na kurekebisha daftari si kufuta miliki. Kufuta ni kwa Rais, Sheria ya Ardhi, Sura ya 113. Mmiliki aliyekiuka masharti hupewa kwanza ilani ya siku 90. Dodoma watu huchanganya sana haya, hasa viwanja vya CDA (Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu), iliyovunjwa 2017.

Mkazi wa Nala: Wakileta ushahidi mpya wa kughushi?

Masjala: Hapo kuna ubishi wa kisheria. Salama yao ni mahakamani, si dirisha lilelile.