Tupeane uzoefu: mji wa bandari uliouumba kichwani mwako ukoje?

Baba_Pasua (mwanzisha uzi), Moshi
Wakuu habari za jioni. Nina binti wa miaka 7, umeme ukikatika tu anakuja kunikalia mapajani, baba tuendelee na mji wetu. Ilianza masika ya mwaka jana, aliniuliza mbona Moshi hakuna bahari, nikamwambia ipo ila iko juu. Toka siku ile tuna mji unaitwa Bandarijuu, jina katoa mwenyewe. Una soko la samaki wenye manyoya, una mama mmoja mkuu wa forodha ambae hapokei hela anapokea hadithi, nahodha akidanganya chombo chake kinakua kizito kinagoma kufika gatini. Sasa nimekwama, maana mtoto kaanza kuuliza maswali ya maana, watu wa kule wanakula nini, wanaamkianaje, mgeni akishuka analala kwa nani. Kama na wewe umewahi kuumba mji wa hivi, wa mtoto, wa mchezo, au wa kwako tu kichwani, shusha hapa.

mpagazi_machame
Kaka umenigusa sana. Mi nabeba mizigo mlimani Kilimanjaro, mwaka wa tisa huu, na mji wangu naweza kusema nimeuona. Pale kambi ya Shira, kwenye mita 3,800 hivi, jioni mvua ikishakata unakuta mawingu yote yako chini yako, yametulia, meupe, yanajaa kwenye makorongo polepole kabisa kama maji yanavyojaa, alafu Meru imechomoza peke yake kule magharibi kama kisiwa. Nikiwa na kikombe cha uji mkononi, vidole vimekufa ganzi, huwa naviona vyombo vinatoka kule Meru kuja huku, matanga mekundu, na sisi wote kambini ndo watu wa bandari.

Kwenye mji wangu makuli ndo wenye heshima. Huku kwetu mzigo unapimwa getini, kilo 20 mwisho, ila nilipokua mgeni wa kazi kuna safari nilibebeshwa zaidi baada ya kupita mzani, nikanyamaza kwasababu nilikua na shida ya ada ya mdogo wangu, goti likaniuma miezi. Kwaiyo kule mzani hauko getini, mzani ni daraja lenyewe la kushukia, kuli akizidishiwa daraja linainuka linarudisha mzigo kwa mwenye mali, na anaubeba mwenyewe mpaka sokoni watu wote wanamtazama. Na siku ya mwaka mpya matajiri wanawabebea makuli vitu vyao mpaka nyumbani. Sijawahi kumwambia mtu haya.

dada_wa_kijenge, Arusha
Mpagazi pole kwa goti. Mi naongezea kitu kimoja wenzangu wa huku bara tunakisahau. Nilikua na mji wangu toka shule ya msingi, bahari yake imetulia tu kama bwawa. Nikaenda harusini Tanga, mara ya kwanza kuona bahari, asubuhi tumekuta ngalawa zimelala ubavu kwenye matope, wamama wanatembea mbali kabisa kule nikajiuliza maji yameenda wapi, kurudi mchana yamejaa. Mama mwenyeji akanifundisha maji kujaa na kupwa, bamvua mwezi ukiwa mpevu au mwandamo, maji mafu katikati yake, na kwamba kila siku yanachelewa karibu saa nzima kuliko jana.

Nikarudi nikaubomoa mji wangu wote. Sasa hivi hakuna saa ya ukutani, soko linafunguliwa maji yakipwa, leo alfajiri, wiki ijayo mchana, ndoa zinafungwa siku za bamvua peke yake, na wadaiwa wanapumzishwa siku za maji mafu. Baba Pasua mpe binti maji yanayotembea, utaona maswali mengine yanajijibu.

meku_oldmoshi
Wanangu, mimi wa kwangu niliutunga nikichunga mbuzi, kwenye mfongo, ule mfereji wa maji, tunaachia vipande vya migomba vielee tunasema ni meli. Nitasema moja tu. Chombo kilichowahi kuukosea mji kikirudi na isale, lile jani la kuombea msamaha, limefungwa mlingotini, hakuna anaeruhusiwa kukifukuza. Kwetu ukiletewa isale lazima usikilize, hata kama moyo hautaki. Nilifanya hivo kwenye mchezo, nikaja kufanya kweli na kaka yangu, baada ya miaka kumi na moja.

kijana_sakina
Shikamoo meku, hilo la isale naomba tulichukue. Sisi tuko watano, Jumamosi tunacheza mji wetu kwa dadu na ramani tuliyochora nyuma ya boksi la tivii. Tuligombana sana kuhusu hela, mwisho nikasoma habari za Kilwa, kumbe masultani wake walifyatua sarafu zao wenyewe za shaba, na maandishi ya upande mmoja yana vina na ya upande wa pili! Yaani hela ni shairi. Zipo hadi zilizookotwa Australia mwaka 1944. Kwetu sasa ukilipa unasoma upande mmoja, muuzaji anamalizia wa pili, asiyejua kumalizia hiyo sarafu siyo yake.

Na la mgeni analala kwa nani, Ibn Battuta, yule msafiri wa zamani wa Morocco, alipopita pwani hii mwaka 1331 alisimulia Mogadishu, vijana wanaifuata meli na vimashua, kila mmoja kabeba sahani ya chakula iliyofunikwa, anampa mfanyabiashara mmoja anasema huyu mgeni wangu, basi analala kwake. Kingine upepo. Kaskazi inawaleta, kusi inawarudisha, katikati hapo mgeni yupo miezi, anaoa, anadaiwa, anajifunza lugha.

Baba_Pasua
Nimesoma yote nimekaa kimya kidogo. Hapa umeme umekatika tena. Nimemwambia la sahani, kauliza ndani kuna nini, nikasema chagua wewe, kasema ndizi nyama, alafu kashuka mapajani kaenda kufunika sahani yake kwa mfuniko wa sufuria, anasubiri meli dirishani.